Bi. Mwanarusi Abdulaziz: Miaka Thelathini na Mmoja ya Kulinda Diodi za Leza

Ijumaa hii, tarehe 28 Novemba 2025, saa kumi jioni, Bi. Mwanarusi Abdulaziz anastaafu kazi katika Karakana ya Miale, Magongo, baada ya kutumika miaka thelathini na mmoja na miezi minane. Meneja wetu, Bwana Jefwa, ameniomba niandike wasifu wake kwa ukurasa mmoja. Nilimwambia hilo haliwezekani, akaniambia nijaribu. Nimejaribu, nimeshindwa, na lawama zote zipelekwe kwake.

Kwa wageni wetu wasiojua tunachofanya humu ndani: sisi hutengeneza mashine za leza zikiharibika. Moyo wa nyingi kati ya mashine hizo ni diodi ya leza, kidude kisichozidi punje ya mchele ambacho ukikipa umeme hutoa mwale. Mwale huo husoma bei dukani, huchapa tarehe kwenye chupa za maji, na katika kliniki za macho huziba mishipa inayovuja ndani ya jicho. Ni kidude cha ajabu, lakini subira hakina hata chembe. Taa ya nyumbani ukiizidishia umeme kidogo itang'aa, ukiupunguza itafifia, na mtasameheana. Diodi ya leza ukiizidishia kwa muda mfupi kuliko kufumba jicho, imekufa. Kazi ya Bi. Mwanarusi imekuwa kuilisha umeme kwa kipimo chake na kuikinga na kila kinachotaka kuiua, tukiwemo sisi mafundi wenzake.

Nitangulize jambo moja, maana wengi mmeliulizia. Ni kweli kwamba mwaka huu Bi. Mwanarusi nusura apofuke. Si leza iliyomdhuru, na anayesema hivyo hapa Magongo akome. Ni kisukari. Na ni kweli pia kwamba mashine iliyotakiwa kumtibu ilikuwa juu ya meza yetu, imekufa. Habari hiyo nitaifikia, msinikimbize.

Bi. Mwanarusi alizaliwa Mtongwe, Likoni, mwaka 1965. Alikuja kwetu Machi 1994 kutengeneza redio za CD, ambazo nazo zina diodi ya leza ndani, ndogo na dhaifu. Msimamizi wa wakati huo alimtazama na buibui lake, akamuuliza kama ataweza kazi ya vitu vidogo namna hiyo. Bi. Mwanarusi akamuuliza kama yeye amewahi kushona kofia ya mkono. Msimamizi akasema hajawahi. Basi, akaambiwa, hujui vitu vidogo ni nini. Akaajiriwa siku hiyo hiyo, na msimamizi, Mungu amrehemu, alikuwa akiisimulia habari hiyo mpaka alipostaafu.

Wakati huo mafundi walikuwa wakibadilisha diodi iliyokufa, wakaweka nyingine, ikafa, wakaweka nyingine. Bi. Mwanarusi ndiye wa kwanza kuuliza zinakufa kwa nini. Aligundua kwamba pawa saplai, kile kifaa kinacholisha mashine umeme, hata kikizimwa hubaki na umeme ndani. Kwa maneno yake, umeme ni kama mgeni aliyekwisha kuaga lakini bado amesimama mlangoni anapiga soga. Ukichomeka diodi wakati huo, mgeni anakurudia mzima mzima. Kwa hiyo akaweka sheria: ukizima, ondoka mezani, kanywe kikombe kimoja cha kahawa chungu, pole pole, ndipo urudi. Birika lake liko pale dirishani tangu enzi za kaseti. Mkaguzi mmoja aliwahi kuandika kwamba mafundi wa Magongo hunywa kahawa kupita kiasi. Aliandika kweli, ila hakuandika kwamba mwaka ule hatukuua hata diodi moja.

Ya mwisho kufa kabla ya mwaka huo ilikufa maji. Tuliletewa mashine kubwa kutoka ng'ambo, na kitabu chake kikasema diodi ipozwe mpaka nyuzi kumi na nane. Mtaalamu aliyekuja nayo akasema kitabu kifuatwe. Bi. Mwanarusi akamletea mgeni huyo gilasi ya maji baridi, akaiweka mezani mbele yake. Baada ya dakika mbili gilasi ilikuwa inatiririka jasho, kama kila gilasi ya huku kwetu Changamwe inavyofanya kwa joto la pwani. Mgeni akanywa maji, akashukuru, akaweka nyuzi kumi na nane. Diodi ikatoka jasho ndani ya kasha lake na kufa saa ile ile. Tangu hapo karakana nzima hupoza kwa nyuzi ishirini na saba wala hazishuki, na mashine ya kukausha hewa ikanunuliwa.

Hiyo mashine ya kukausha hewa ndiyo iliyomletea Bi. Mwanarusi aibu kubwa ya maisha yake ya kazi, na yeye mwenyewe amenipa ruhusa niitaje. Hewa ikikauka, mwili wa mtu hujikusanyia umeme akitembea tu juu ya zulia. Ndiyo maana sisi huvaa mkanda wa mkononi wenye waya unaokwenda ardhini. Sasa, mwaka 2011 Bi. Mwanarusi alikuwa ameshika diodi ya mashine ya chupa za maji kwa koleo ndogo, mkono wa kushoto, pakaingia mteja mtu mzima, Mzee Kiponda. Mzee akatoa salamu nzuri, akanyoosha mkono. Hebu niambieni, binti aliyelelewa Mtongwe ataachaje mkono wa mzee ukining'inia hewani? Akachomoa mkanda, akasimama kwa heshima, akaupokea mkono. Cheche ndogo tu, wakacheka wote wawili.

Diodi ilifanya kazi wiki tatu kisha ikafa. Hiyo ndiyo tabia yake mbaya: ukiijeruhi haikwambii, hungoja ikafie kwa mwenyewe. Hakuna aliyejua sababu, na angenyamaza asingejulikana. Lakini Bi. Mwanarusi alikaa siku mbili akifikiri, akakumbuka ile cheche, akaenda mwenyewe kwa Mzee Kiponda kumwambia: kosa ni langu. Mzee akamjibu kwamba kuvunja koleo si mwisho wa uhunzi, akaleta mashine yake nyingine. Tunayo chupa ya achari tunayotilia diodi zilizokufa, kila moja na kikaratasi cha jina la aliyeiua. Jina lake limo mara moja. Langu limo mara mbili, na hamtaambiwa zaidi.

Baada ya hapo akapigilia bamba la shaba mlangoni, likaunganishwa na ardhi, na kila anayeingia hugusa shaba kabla ya kutoa mkono. Mwanzoni watu walinong'ona. Mama mmoja wa mtaa wa Airport alikataa kuingia, akasema hapana, mambo ya kugusa gusa hirizi ameyaacha tangu aokoke. Bwana Jefwa ilibidi atoke nje amweleze kisayansi, maskini, mpaka jua likamchoma. Siku hizi hata watoto wangu kule Kiembeni wakija hapa hugusa shaba kwanza ndipo waseme shikamoo, na Bi. Mwanarusi huwaitikia marahaba kana kwamba ndivyo dunia ilivyoumbwa.

Amefundisha mafundi kumi na wanne. Ameandika kwa mkono kitabu cha kazi ambacho matawi mengine huja kukinakili. Katika miaka yote hiyo hakuna mtu hata mmoja aliyeumizwa jicho na leza kwenye meza yake, maana miwani ya kinga alikuwa akikuvalisha mwenyewe kama mtoto wa chekechea, uwe fundi au uwe mkurugenzi. Mwale usiouona, husema, ndio unaokula jicho. Mimi alinivalisha siku yangu ya kwanza mbele ya watu, nikakasirika kweli.

Sasa tufike mwaka huu.

Mwezi Mei, Bi. Mwanarusi alianza kuniuliza rangi za waya. Nilidhani ananitahini, nikawa namjibu kwa madaha. Nyekundu, Bi. Mwanarusi. Kijani, Bi. Mwanarusi. Ilinichukua wiki tatu kutambua kwamba haoni rangi hizo. Tulimpeleka kwa Daktari Caroline wa kliniki moja ya macho hapa upande wa bara ambayo mashine zake tunazihudumia sisi. Daktari alipotoka chumbani uso ulikuwa umemshuka. Mishipa ya macho yote mawili ilikuwa inavuja kwa ajili ya sukari. Alihitaji kuchomwa na leza ndani ya wiki nane, na jicho la kulia lisipotibiwa kwa muda huo lingezima. Mashine ya leza ya kliniki, nayo, ilikuwa imekufa siku nne kabla. Kwingineko foleni ilikuwa ya miezi minne.

Mashine ile ni ya zamani na diodi yake haitengenezwi tena. Wakala alitafuta kote akapata moja, akatuambia waziwazi kwamba hakuna ya pili. Ilifika katikati ya Julai ndani ya mfuko wake wa rangi ya fedha, zikiwa zimebaki wiki nne. Bi. Mwanarusi hakuweza tena kuiona miguu ya diodi, kwa hiyo kazi ilikuwa yangu. Ya mwenye vikaratasi viwili katika chupa ya achari.

Nilitaka kuiweka siku ile ile. Bi. Mwanarusi akakataa. Akasema aliyeiua ya kwanza bado yumo ndani.

Niseme ukweli, nilimpandishia sauti, mimi mtoto wa watu nisiyewahi kumjibu hata kwa jicho. Nilimwambia haya ni macho yako, Bi. Mwanarusi, siku zinakwenda! Akanijibu, bila kupandisha sauti, ndiyo maana. Akaniagiza niifunge miguu ya ile diodi pamoja kwa waya, ili umeme usipate njia ya kuingia, niirudishe kabatini, na mahali pake niweke mzigo wa kujifanya, yaani diodi tano za kawaida, zisizo za leza, ambazo zikifa hazililiwi na mtu. Kisha tuiwashe mashine na kutazama katika kioo kinachochora umeme, tumtafute muuaji.

Siku ya kwanza mashine ikawaka vizuri. Ya pili vizuri. Siku tisa, mstari kwenye kioo umenyooka tu. Daktari Caroline akawa anapiga simu kila asubuhi. Bi. Mwanarusi akawa anatembea kwa kushika ukuta, na akifika getini anashika kiwiko changu, huku anatania kwamba sasa amepata bwana mdogo. Mimi kicheko kilinikauka. Jioni ya siku ya tisa nilikwenda kwa Bwana Jefwa nikamwomba amwamuru akubali. Bwana Jefwa alifikiri, akasema, Chrispine, katika jengo hili nani amewahi kumwamuru Bi. Mwanarusi?

Siku ya kumi aliomba simu, akampigia muuguzi wa kliniki na kumuuliza swali ambalo mimi fundi mwenye macho mawili mazima sikuwahi kulifikiria: hiyo mashine huko kwenu hukaa mahali pamoja? Muuguzi akasema la, kila asubuhi husukumwa kutoka stoo mpaka chumba cha matibabu, na ukumbini kuna vigae vimevunjika. Bi. Mwanarusi akakata simu, akasema mashine itoke nje ikatembezwe.

Jamani, laiti mngeiona siku ile! Mimi nasukuma mashine ya hospitali uani kama mkokoteni wa maji, juu ya kokoto, kile kioo nimekifunga juu yake kwa kamba. Nyuma yangu Cindy wa mapokezi anakimbia na waya mrefu wa umeme, viatu mkononi. Majirani wamejaa uani, mtu anauliza kama tunafanya mazoezi ya harusi. Na Bi. Mwanarusi ameketi kwenye kiti chake kivulini, yeye mwenyewe hatuoni sawasawa, lakini kila tukimaliza mzunguko anasema tena. Mzunguko wa tatu, gurudumu likapanda jiwe, na mstari kwenye kioo ukaruka juu ghafla ukashuka. Nilipiga ukelele kama aliyeumwa na nge.

Ilikuwa plagi ndogo ndani ya mashine, imeliwa na kutu ya chumvi kama ilivyo kawaida ya pwani hii. Ikitikiswa, inaachia kidogo sana. Pawa saplai ikiona umeme haupiti, husukuma kwa nguvu zaidi, na plagi ikishika tena, nguvu yote huishukia diodi. Ningeiweka ile diodi ya mwisho siku niliyotaka, ingewaka vizuri mbele yetu, tungepongezana, na asubuhi ya kwanza kwenye vile vigae ingekufa. Niliketi juu ya kokoto nikalia, sioni haya kusema. Bi. Mwanarusi akaniambia mwenye pupa hadiriki kula tamu, kisha akamwomba Cindy aniletee maji.

Tuliitoa ile plagi kabisa nikalehemu waya moja kwa moja. Tukaweka kinga ya kuzuia umeme wa ghafla, na kifaa cha kuufanya umeme upande taratibu kutoka sifuri. Tukaisukuma tena uani mizunguko ishirini, mstari hata haukutikisika. Ndipo nikanywa kahawa, nikagusa shaba, nikavaa mkanda na miwani, nikaifungua miguu ya diodi. Bi. Mwanarusi alikaa nyuma yangu na miwani yake, mikono mapajani. Mwale wa mashine ile hauonekani kwa jicho, kwa hiyo sote wawili tulikuwa sawa. Nilichokuwa nasoma ni namba tu kwenye kipimo. Nilipandisha umeme kidogo kidogo huku namsomea. Sifuri. Sifuri. Sifuri bado. Kisha mbili, nne, saba. Kila namba alikuwa akiitikia naam. Ilipofika kipimo cha kutibu na kutulia hapo, alisema alhamdulillahi, akaniamuru niishushe, niizime, na nifanye yote hayo tena tangu mwanzo.

Daktari Caroline alimtibu jicho la kulia tarehe 4 Agosti, zikiwa zimebaki siku saba katika zile wiki nane, na la kushoto wiki iliyofuata. Wagonjwa wengine thelathini na wanane waliokuwa wakisubiri walitibiwa mwezi huo huo kwa diodi hiyo hiyo. Uvujaji ulisimama. Daktari akatuonya kwamba macho yakirudi yatarudi pole pole, na huenda yasirudi yote. Septemba alisema anaona mwanga wa dirisha vizuri zaidi. Oktoba hakusema kitu, na hatukuthubutu kuuliza.

Jumanne ya wiki iliyopita mashine ile ililetwa kwa ukaguzi wa kawaida. Nilikuwa nimefungua kifuniko ninapangusa vumbi. Bi. Mwanarusi akaja, akagusa shaba, akavaa miwani yake mipya, akainama juu ya kazi yangu ya mwezi wa Julai, ile ambayo hakuwahi kuiona. Aliitazama muda mrefu sana. Mafundi wakaacha kazi zao, hata Bwana Jefwa akasimama mlangoni. Kisha akauliza, kwa sauti ambayo wote waliisikia, Chrispine, mwanangu, hapa ulilehemu au ulitapika?

Wallahi, nami Mkristo naapa hivyo leo, sijawahi kusemwa maneno matamu kama hayo tangu nizaliwe. Cindy alipiga kigelegele. Bwana Jefwa aligeuka akajifanya anakohoa. Mimi nilimkumbatia Bi. Mwanarusi bila kuomba ruhusa, naye akanigombeza kwamba nitamvunja miwani.

Bi. Mwanarusi, kwa niaba ya wenzako wote wa Karakana ya Miale, nakushukuru kwa miaka thelathini na mmoja, kwa ukali wako na kwa kahawa yako. Mwenyezi Mungu akupe afya, atulize sukari, akuweke Mtongwe salama pamoja na wajukuu, na akubakishie macho yanayoona makosa yetu miaka mingi. Ile sehemu nimeilehemu upya. Njoo uikague.

Chrispine Thoya
Fundi, Meza ya Leza